Chokaa ya Rasi ya Pirvel

Wageni wa hoteli hupenda kupiga picha kwenye ule ukuta mweupe wa rasi, bahari ikiwa nyuma yao. Wengine hunisimamisha nikipita na kapu langu la samaki, wananiomba niwapige mimi. Nawakatalia. Wananiona bibi kizee mwenye roho mbaya, na sina haja ya kuwaeleza kwamba ukuta huo uliniulia mume. Tena ukuta wenyewe hauna kosa, ni mawe tu. Mwenye kosa nitamtaja, lakini nianze na shemeji yangu, Kasammiya, kwa sababu tulimzika mwezi uliopita na watu waliokuja kumswalia hawakujaza hata safu mbili.

Alizaliwa katika ukoo wa manahodha, akawa mtu wa kutapika. Baba yake alimpakia chomboni mara tatu, na mara zote tatu alianza kutapika kabla hawajatoka mlango wa mto. Mara ya tatu alimtapikia baba mwenyewe miguuni. Kijiji kizima kilicheka, wakamwambia mzee, "Huyo mpe mbuzi achunge." Baba mkwe wangu hakumpa mbuzi. Alimpa ndoo ya chokaa na brashi ya makumbi, akampandisha rasini hadi kwenye kaburi la Pir, walii wetu, akamwambia, "Basi wewe hutakwenda. Kazi yako ni kuturudisha sisi."

Hakuwa anamliwaza. Mbele ya mlango wa mto wetu kuna miamba chini ya maji, na njia ya kupita ni moja tu, nyembamba. Nahodha anayerudi hutafuta kwanza kaburi jeupe juu ya rasi, kisha mti wa mvumo uliosimama peke yake mlimani nyuma yake. Kaburi likikaa sawasawa chini ya mvumo, anakata usukani na kuingia. Lakini mvua zetu za miezi minne hulifunika kaburi kwa kuvu hadi likawa jeusi, usilitofautishe na jabali. Kwa hiyo kila mwaka mvua zikipungua lilipakwa upya, kabla mashua ya kwanza haijarudi. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi ya Kasammiya kwa miaka zaidi ya thelathini.

Rasi yenyewe imewahi kuwa kila kitu. Bibi yangu alituambia kulikuwa na ngome yenye mizinga, halafu Waingereza wakazika huko watu wa kipindupindu, ndiyo maana watoto tulikatazwa kuchuma zambarau za upande ule, na tulizichuma. Nilipokuwa msichana walikaa watu wa forodha na darubini zao, wakivizia baharini vyombo vya magendo ya dhahabu, na dhahabu ikipita nyuma ya migongo yao kwenye mikokoteni ya majani. Walipoondoka tukapachukua sisi wanawake kuanikia samaki. Vijana wakicheza kriketi pembeni, mpira ukiangukia samaki wetu tuliutia kapuni na haukurudi. Wote hao walikuja na kuondoka, na hakuna hata mmoja aliyeligusa kaburi.

Kasammiya alichoma makombe mwenyewe kutengeneza chokaa, akaichuja kwa kitambaa, akapaka mikono mitatu, kila mmoja ukikauka kabla ya mwingine. Hakuoa. Nilikuwa nikimtania pale nikigeuza samaki wangu.

"Shemeji, unalipamba hilo kaburi kuliko bibi harusi."

"Bibi harusi hupambwa siku moja akaniacha nipumue. Huyu wangu ananitaka kila mwaka."

"Na bado hajakupikia hata wali."

"Ndiyo maana naja kula kwako. Umeweka nini leo?"

Na kweli alikula kwangu kila siku. Mume wangu Gafur, mdogo wake, alikuwa nahodha, wiki nzima yuko baharini. Mwanangu wa pekee, Imtiyaz, alijifunzia kutembea ameshika kidole cha Kasammiya. Nyumba yangu ilikuwa na furaha, na sikujua kwamba hiyo ndiyo furaha yenyewe.

Miaka kumi na tisa iliyopita ikaja hoteli. Gafur hakuiona ikijengwa, kwa sababu miezi yote ya mvua alikuwa bandari ya Ratnagiri, injini ya mashua yake ikitengenezwa. Sisi wanawake tuliambiwa tuondoe samaki wetu, wananuka. Kaburi waliahidi hawataligusa, na hawakuligusa. Walijenga tu ukuta mfupi ukingoni, upande wa bahari, hatua arobaini kusini mwa kaburi la Pir. Meneja alitaka kuupaka rangi ya mafuta, ya udongo udongo. Kasammiya akaitazama ile mikebe kwa dharau.

"Hiyo, chumvi itaimenya kabla ya Idi," alimwambia. "Mimi nitakupakia chokaa. Itakaa."

Meneja akapenda, akamtaka aanze siku ile ile. Jioni shemeji alikuja kwangu kula, akawa anazungusha chakula sahanini.

"Nimekubali kazi ya watu, na kaburi sijaligusa," alisema. "Mvua zimepungua. Itabidi niwaambie wasubiri, nimpake Pir kwanza."

Paa langu lilikuwa linavuja mahali pawili, na alikwishaniahidi vigae kutokana na kazi ile. Nikacheka. Namkumbuka vizuri yule mwanamke aliyecheka.

"Anza na ukuta, Shemeji. Pir amelala pale miaka mia tatu, hatakasirika kungoja wiki moja. Hoteli ndiyo haingoji."

"Na Gafur je?"

"Gafur atarudi mwezi ujao. Kula, samaki anapoa."

Akala. Akaanza na ukuta.

Gafur alirudi siku ya sita. Injini ilipona mapema, naye alitaka kutushtukiza. Ilikuwa alasiri, manyunyu yameifunika pwani, ukuta umemaliza mkono wa tatu na kaburi lingali jeusi. Mashua ilikata usukani mahali ambapo hakuna nahodha wa Pirvel aliyewahi kukata. Sisi tuliokuwa ufukweni tulipiga kelele na kupunga kanga na vilemba, tukasikia mbao zikipasuka. Walikuwa wanne. Wawili waliogelea wakafika. Gafur na mwenzake tuliwapata kesho yake asubuhi, maiti.

Mmoja wa waliopona, Sulem, aliniambia maneno ya mwisho ya mume wangu, mimi peke yangu, akilia. Walipouona weupe kwenye manyunyu, Gafur alicheka, akasema, "Mtazameni kaka yangu! Mwaka huu amelifanya liwake." Kisha akauweka ule ukuta chini ya mvumo, akidhani ndilo kaburi, na kuingia. Nilimwapisha Sulem asimwambie Kasammiya, kwa sababu niliona yangemuua.

Baada ya arobaini wazee wa msikiti walimwita shemeji mbele ya watu. Wanawake tulikaa nyuma ya pazia. Mzee mmoja akamuuliza, "Miaka yote unaanza na kaburi. Mwaka huu kwa nini umeanza na hoteli?"

Nilijua atanitaja, na ilikuwa haki yake kunitaja.

"Uvivu," alisema Kasammiya. "Na tamaa. Ni mimi tu."

Nilikuwa na mdomo. Nilikuwa na ulimi huu huu ninaowatolea wageni wa hoteli. Sikusema kitu. Nilijiambia Imtiyaz amebaki bila baba, akimchukia na mama atabaki na nani? Ilikuwa sababu nzuri, na nimeishi nayo miaka kumi na tisa, lakini ukweli ni kwamba niliogopa.

Ndoo alinyang'anywa, akapewa mtu mwingine, aliyepaka misimu miwili akachoka. Kufikia hapo manahodha walikuwa na vioo vidogo vyenye ramani, vinavyowaonyesha njia hata gizani. Imtiyaz mwenyewe, ambaye sasa ni nahodha, anaingia kwa kioo. Kaburi limekuwa jeusi tangu wakati huo na hakuna aliyekwama. Kasammiya alifanya jambo moja tu: mara kwa mara alipanda rasini na kisu kuukwangua ule ukuta. Hoteli walimfukuza, wakaupaka tena. Walinunua chokaa, kwa sababu aliwafundisha mwenyewe kwamba inakaa.

Hakuja tena kula kwangu. Alisuka brashi za makumbi, akaziuza, akapika mwenyewe wali wake mbichi mbichi. Kila asubuhi alikaa kizingitini kwake, na Imtiyaz akipita kwenda shule, baadaye kwenda mtoni, alimwambia, "Asalaam aleikum, mwanangu." Alipokuwa mtoto, Imtiyaz alitema mate chini. Alipokuwa mtu mzima alipita tu. Mimi nilikuwa mlangoni kwangu, naona yote. Neno langu moja lingetosha, na kila asubuhi nililimeza nikaenda kuchambua mchele.

Alipozidiwa na kifua nilikwenda kumuuguza. Alikuwa amebaki mifupa. Siku moja akili ilimkaa sawa, akaniuliza, "Shemeji, Sulem hajawahi kunitazama usoni. Gafur alisema nini pale?"

Nikamwambia. Nilidhani atalia. Akauliza tu, "Alinisifu?"

"Alikusifu."

"Aliona liko jeupe?"

"Alisema linawaka."

Akafumba macho, na machozi yakatoka hivyo hivyo. Nikamshika mkono, nikamwambia nakwenda kumleta Imtiyaz sasa hivi, nimweleze yote mbele yake, amsalimie hata mara moja. Akanikaza vidole.

"Usifanye hivyo. Ana mama mmoja tu."

Nilipaswa kuunyofoa mkono wangu nikaenda. Ilikuwa hatua ishirini. Badala yake nilikaa, na Mungu anisamehe, nilifurahi kuombwa kunyamaza. Alifariki baada ya siku mbili.

Imtiyaz alikataa kushika jeneza. Wazee wanne walimbeba, wakipumzika njiani kila baada ya nyumba chache. Waliporudi kutoka makaburini nilimkuta mwanangu uani anafumua nyavu, nikamwambia nikiwa nimesimama. Nilimwambia habari ya paa, ya kicheko changu, ya Pir asiye na haraka. Nilimwambia yaliyosemwa msikitini na yasiyosemwa.

Hakunipigia kelele. Aliweka wavu chini taratibu.

"Kila siku alinisalimu, Mama," alisema. "Kila siku. Na wewe ulikuwa mlangoni."

Alichukua shuka lake na kioo chake cha ramani, akatoka. Sasa analala chomboni. Asubuhi hupita hapa akienda kununua mkate, mimi nikiwa nimekaa kizingitini. Namwambia, "Asalaam aleikum, mwanangu." Hajanijibu bado.