Sinia la Mkuu wa Meli

"Eti Garoufalia, ni kweli ulimlisha mkuu wa meli ya vita fukusi mbele ya admirali?"

Aliyeuliza ni kyra Zambeta, yaani Bi Zambeta, jirani wa ukuta mmoja, siku wanawake walipokuwa wanasafisha kanisa la Mtakatifu Nikolaos kabla ya sikukuu yake. Alikuwa ameshaweka ndoo chini na kuketi kwenye ngazi ya mbao ili asikie vizuri.

"Sikumlisha," Garoufalia akajibu, akiendelea kusugua kinara. "Nilimpelekea. Kula alikula mwenyewe."

"Akamaliza?"

"Shika kitambaa kwanza. Usinikalie hapo kama mgeni wa harusi."

Garoufalia Beka ni mzaliwa wa kisiwa cha Salamina, Ugiriki, na kwa miaka ishirini na sita alikuwa mpishi wa meli katika jeshi la majini. Watu mia moja na kumi, mara tatu kwa siku. Kila sufuria aliifanyia ishara ya msalaba kabla ya kuifunika. Mabaharia wapya walimcheka mpaka walipoonja, kisha wakamwita shangazi kama wenzao.

Kwenye meli za vita za huko kuna desturi ya tangu zamani. Kila adhuhuri, kabla baharia yeyote hajashika kijiko, mpishi huchota sahani moja kutoka sufuria ileile ya wote, huiweka kwenye sinia, huifunika kwa kitambaa cheupe na kumpelekea mkuu wa meli. Mkuu huonja, huandika neno kwenye daftari, mpishi hutia saini chini yake, ndipo kengele ya chakula hupigwa. Wakuu aliowatumikia walikuwa wa kila namna. Mmoja alikuwa mlevi, mwingine alitukana watu na mashine kwa sauti moja. Lakini wote walionja. Yule mlevi alirudisha maharage mara mbili akisema hayajaiva, na kweli yalikuwa hayajaiva.

Kisha akaja Leandros Kapsalis.

Huyu alikuja na vitabu vya uongozi, na picha yake mwenyewe akitazama mbali baharini, ingawa nyuma yake ukuta wa gati ulionekana. Wiki ya kwanza akaagiza ubao wenye kanuni kumi na moja kwa herufi za dhahabu upigiliwe kwenye mlango wa bwalo. "Wajue watu wako." "Jali hali yao." "Onyesha mfano." Fundi aliyeupigilia, Manousos, alikuwa na miaka tisa kwenye meli ile. Kapsalis alimwita "wewe mwenye nyundo" siku hiyo na siku zote zilizofuata. Garoufalia naye jina lake likawa Jikoni. "Jikoni, kahawa."

Jumatano ya kwanza, siku ya mfungo isiyoliwa nyama wala samaki, zilipikwa dengu kwa siki na jani la kunukia. Pandelis, mhudumu wa meza ya mkuu, akaja mbio.

"Shangazi, bosi anasema dengu zinamjaza tumbo. Mkaangie samaki."

"Na daftari?"

"Litaandikwa dengu, nzuri sana."

"Dengu zipi hizo, Pandelis, zenye mapezi?"

"Mimi nabeba tu, shangazi. Usinichome."

Akamkaangia. Miezi saba alimkaangia samaki na kumchagulia minofu, na mkuu akawa anausifu daftarini upishi asiouonja. Jambo hilo Garoufalia alilikiri kwa padri, maana saini yake ilikuwemo pia kwenye kila ukurasa.

Mwezi wa Februari jokofu kubwa la nyama likafa. Garoufalia aliandika taarifa mara tatu bila kujibiwa. Mara ya nne akapanda mwenyewe.

"Jikoni, meli hii haina kasoro," Kapsalis akamwambia. "Mwezi ujao admirali anakuja kukagua, na mimi natazamiwa kupanda cheo. Unataka aandike kwamba meli yangu ina kasoro?"

"Nataka mabaharia wale nyama, mkuu."

"Kwaresima imekaribia. Wafunge."

Mla samaki wa Jumatano sasa alikuwa amejipa upadri wa watu mia moja na kumi. Garoufalia alishuka ngazi akimwomba Mungu amfungie mdomo, na Mungu akamfungia.

Nyama ikaoza, ikatupwa. Wakabaki na dengu, na zilipokwisha wakabaki na tambi za ghala la chini, ambako unyevu ulikuwa umeingia na fukusi nyuma yake. Alizichekecha mpaka mikono ikamuuma. Zisis wa chumba cha injini akainua uma wake, akautazama. "Shangazi, mbona wanasema nyama hakuna? Hii yangu inatembea." Bwalo zima likacheka, Garoufalia naye akacheka nao, kisha akaenda kulia nyuma ya magunia matupu ya viazi.

Asubuhi ya ukaguzi Kapsalis aliagiza mwanakondoo wa tanuri kutoka mkahawa wa pwani.

"Huyu ndiye ataingia kwenye sinia," akasema. "Admirali akiuliza, utasema ndicho wanachokula. Ukikosea, jiko la meli hutaliona tena. Umenielewa, Jikoni?"

Alimwelewa. Hakuwa na mume wala mtoto. Jiko lile ndilo lililokuwa nyumba yake, na watu wale ndio aliowapikia tangu ana miaka ishirini. Alisimama kati ya sufuria na yule mwanakondoo, chini ya picha ya Mtakatifu Nikolaos iliyojaa masizi, akajifanyia msalaba. Halafu akachota tambi. Hakuchagua upande wenye fukusi wengi, wala hakuwaondoa. Alichota mara moja, kama desturi inavyotaka, akafunika, akapeleka mezani kwa mkuu.

Admirali, mzee mnene aliyekuwa ameshasikia harufu ya mwanakondoo tangu kwenye ngazi, alifunua kitambaa kwa furaha. Furaha ikamtoka.

"Hiki ndicho wanakula?"

"Ndicho, bwana admirali. Wanasubiri kengele."

"Basi onja, Kapsalis."

"Bwana admirali, tumbo langu leo..."

"Onja."

Akaonja. Akameza, akaweka kijiko chini.

"Endelea," admirali akasema.

Akaendelea, kijiko kwa kijiko, mpaka sahani ikabaki nyeupe. Halafu, kwa mazoea, akavuta daftari na kuandika: nzuri sana.

Jokofu lilitengenezwa baada ya siku mbili. Mwanakondoo aliliwa na admirali. Kabla ya Pasaka Garoufalia akahamishiwa nchi kavu, kwenye ghala la sare, kwa sababu ya "kukosa utiifu", na mpaka leo yuko huko akipanga kofia. Kapsalis alipanda cheo. Sasa anafundisha vijana uongozi, na Pandelis, anayemhudumia huko pia, anasema kila mwaka huwasimulia jinsi alivyokula tambi zenye fukusi pamoja na watu wake ili kuwaonyesha mfano.

"Pamoja na watu wake," kyra Zambeta akarudia. "Na wewe umenyamaza?"

"Sijanyamaza. Nimewaandikia wakubwa barua mara mbili. Hii ni ya tatu, naipeleka nikitoka hapa."

"Hebu isome. Miwani yangu iko nyumbani."

Garoufalia akafuta mikono kwenye aproni, akatoa karatasi mfukoni na kusoma:

"Naomba kurudishwa kwenye jiko la meli, meli yoyote ile. Kama haiwezekani, naomba mpishi aliyechukua nafasi yangu asiadhibiwe akichota sahani ya mkuu kutoka sufuria ya mabaharia."