Mlango wa Kijumba

Nilipokuwa mtoto wa kutumwa maji na kuni, kwetu Litapunga, nyuma ya nyumba yetu kulikuwa na nyumba nyingine inayomfika mtu mzima kiunoni. Kuta zake zilikuwa za fito na udongo, paa la nyasi, na uwazi mmoja ulioelekea njiani. Ilikuwa nyumba ya mizimu ya ukoo wa bibi, mama mzaa baba, lakini sisi tuliiita kijumba tu. Ndani mlikuwa na chungu, unga wa ulezi na shanga nyeupe za marehemu mama yake. Kila mwaka kabla ya mvua bibi alikiezeka upya, na kwa kuwa mwili wake haukupenya mlangoni, kukandika kuta za ndani ilikuwa kazi yangu. Nilitoka humo na matope mpaka puani, bibi akicheka, "Haya, mke mwenzangu, wazee umewapa sebule."

Kijumba kilikuwa na sharti moja: mlango wake haufungwi. Si kwa ubao, si kwa mkeka, hata kwa tawi la kuzuia kuku. Wazee wanaingia na kutoka, alisema bibi, sasa nani atakaa pale kuwafungulia? Basi kuku wakawa wanataga humo, na mayai tukala.

Baba alikuwa amefanya kazi mgodini Mpanda enzi hizo za mkoloni, akarudi na nyundo, misumari na dini. Haukupita muda akawa katekista wa kigango chetu, na cheo hicho alikipenda, wee! Siku moja akapata habari kwamba padri anakuja kukagua, na katekista hatakiwi kuwa na mambo ya mizimu nyumbani kwake. Kukibomoa kijumba hakuthubutu, alimwogopa mama yake. Akaona nafuu ni kupigilia mbao mlangoni, padri akiuliza aambiwe ni stoo ya majembe.

Bibi akatoka jikoni na mwiko mkononi. "Umewafungia?"

"Padri akiondoka nitafungua, mama."

"Mwanangu, mkeo ana mimba kubwa. Ukiwafungia hao, na yeye atafungika. Usije ukasema sikukwambia."

Baba akaokota nyundo yake akaingia ndani.

Siku moja kabla ya padri kufika, uchungu ukamshika mama alfajiri. Jua likapanda, likapita utosini, mtoto haji. Hospitali ilikuwa mbali, na kwa hali aliyokuwa nayo asingebebeka. Kwetu mwanamke akikwama hivyo, kila kilichofungwa pale nyumbani hufunguliwa. Bibi akatoa kichwa mlangoni, akafoka, "Nyie mnangoja nini? Fungueni!" Nikafungua sanduku la nguo, nikafunua vyungu, nikafungulia mbuzi, nao wakaenda moja kwa moja kwenye mihogo ya jirani. Majirani wanawake waliokuja kusaidia wakafumua nywele zao. Baba akaambiwa avue mkanda, akauvua. Katekista mzima akawa anazunguka uani ameshikilia suruali kwa mkono.

Bado mtoto hakuja. Sauti ya mama ikaanza kupungua, na hapo ndipo nilipoogopa kweli. Bibi akatoka tena, macho mekundu. Akakitazama kijumba, akamtazama baba, baba akatazama chini. Bibi akarudi ndani.

Mimi hakuna aliyenituma. Nilichukua shoka, nikaenda kijumbani, nikaanza kupiga zile mbao. Zilikuwa za mninga, ngumu, shoka linadunda tu na viganja vinawaka. Nikasema moyoni, zitatoka hizi, hata kwa meno.

"Weka chini hilo shoka." Baba alikuwa nyuma yangu.

"Siweki."

Nyumbani kwetu hakuna mtoto aliyewahi kumjibu baba hivyo. Akanisogelea. "Unajua kesho nani anakuja?"

"Mama anakufa, baba. Utanipiga baadaye."

Nikapiga tena. Ndani mama alilia mara moja, kisha kimya. Baba akaninyang'anya shoka, akalishika kwa mikono miwili. Suruali ikateremka mbele za watu wote wale, hakujali. Akazing'oa mbao moja baada ya nyingine, misumari inalia, akazitupa huko mbali. Kisha akapiga magoti mbele ya ule mlango, nikamsikia anasema, "Piteni, wazee wangu. Nisameheni." Halafu akafanya ishara ya msalaba.

Hatujaziokota zile mbao, tukasikia mtoto analia. Bibi akapiga vigelegele, nami nikakaa chini nikalia kama mjinga.

Padri alifika kesho yake. Baba hakungoja kuulizwa. Alimshika mkono akampeleka mpaka kijumbani, akamweleza yote, na ukatekista ukaishia hapohapo. Kanisani akarudi benchi la nyuma, akaendelea kuimba kwa ile sauti yake kubwa, na mwaka uliofuata akatukatia nyasi za kuezekea.

Yule mtoto ni mdogo wangu, sasa naye bibi wa watu, na hadithi hii haiamini hata kidogo. "Dada, nilikuwa sijageuka vizuri tumboni," ananiambia. "Saa yangu ilifika, nikatoka. Mbao zinahusikaje?" Huenda. Wazee wana uwezo gani sijui, na sasa sihangaiki tena kujua. Ila nilimwona baba ana cheo anachokipenda na mke aliyekwama, nikamwona anachagua, mchana kweupe, na maisha yake yote sikumsikia akijuta. Nilimpenda sana kwa hilo.

Mdogo wangu akishika kubisha hawezi kunyamaza, mpaka chai inapoa. Wajukuu wanasema, bibi, mwambie basi inatosha. Simwambii. Bisha, mdogo wangu, bisha mpaka uchoke. Kutwa nzima siku ile tuliomba sauti yako tu.