Maneno ya Mzee Staa

Kila ninaponunua chipsi Kitengela, muuzaji akishika chupa ya siki mimi humwambia aiache. Si kwamba siipendi. Harufu yake hunirudisha kwenye chumba cha Mzee Lekishon, chini ya kitanda chake, kwenye mkebe wa biskuti ulioshika kutu ambamo alikuwa ameuweka ujana wake. Labda hamjui, lakini filamu za zamani zikizeeka hunuka siki. Mimi nilijua hilo nikiwa na miaka kumi na mmoja, kabla sijajua mambo mengine ya maana zaidi.

Mimi na mama, nesi aliyehamishwa kutoka Bungoma kuja Kajiado, tulikuwa tumepanga vyumba viwili kwenye ploti ya mabati. Mzee Lekishon ndiye aliyeitunza ploti hiyo. Alifungua maji asubuhi, alifunga geti jioni, na katikati alitufukuza tulipochezea chini ya nguo zilizoanikwa. Watu wazima walimwita Mzee Staa. Sisi watoto tulidhani wanamdhihaki, maana alikuwa mzee mwembamba wa koti la kijani lililopauka, na kigugumizi chake kilikuwa kikali hivi kwamba ukimsalimia ungeweza kufunga kamba za viatu vyote viwili kabla jibu halijafika.

Mama ndiye aliyenifungua macho, naye alikuwa amesikia kwa wagonjwa wake. Zamani gari la sinema lilizunguka Kajiado nzima, likitundika shuka jeupe na kuonyesha filamu zisizo na sauti. Zilikuwa za kufundisha watu kuogesha ng'ombe na kuchemsha maji ya kunywa. Lakini nani angetembea nusu siku kwenda kutazama ng'ombe akioga? Kwa hivyo wakatia mapenzi ndani yake. Kijana anampenda msichana, baba ya msichana anakataa mpaka kijana awaondolee ng'ombe wake kupe, kupe wanaisha, harusi inafanyika. Kijana huyo alikuwa Lekishon. Wazungu wa sinema walimkuta kwenye josho la Kisaju, wakaipenda ile shingo ndefu na yale macho, na katika filamu nne alipenda, akakataliwa, akaoa. Inasemekana akipita Kajiado mjini wanawake waliacha kupimiwa sukari wakatoka nje kumtazama.

Sauti yake haikuwa yake. Ndani ya gari alikaa msemaji mwenye kipaza sauti, akiwasemea wote, kijana, msichana na hata ng'ombe, na kila msemaji alisema yake. Kisha zikaja filamu zenye sauti. Wakamwekea Lekishon maikrofoni mdomoni asubuhi moja, na saa sita mchana alikuwa njiani kurudi Kisaju kwa miguu. Hawakumwita tena.

Mwaka ule nilipotimiza kumi na mmoja nilikuwa nimeshinda shindano la mashairi shuleni na kichwa kilikuwa kimevimba. Siku moja mzee aliniita mlangoni pake. Niliinamisha kichwa anisalimie kwa kunigusa utosini, jinsi watoto wa pale walivyofanya.

"We-wewe si ndiye u-ulishinda mashairi?"

"Ni mimi, mzee."

"Basi niko na ka-kazi yako."

Mwalimu wetu wa sayansi alikuwa amepata projekta kuukuu, na kanisa lilikuwa limekubali kutupa ukumbi Jumamosi alasiri. Filamu moja tu ilikuwa imebaki, ile ya kwenye mkebe. Mzee alitaka mimi niwe msemaji. Mengine yote niseme nipendavyo, ila kulikuwa na mahali pamoja, chini ya mgunga, ambapo kijana anainama karibu na msichana na midomo yake inasogea. Hapo alikuwa na maneno yake. Kunitamkia maneno hayo kulichukua alasiri tatu, na niliyaandika kwenye daftari langu la jiografia:

"Sina ng'ombe wengi, na hawa wa sinema si wangu. Ukiniuliza mbele ya baba yako nitakwama. Hapa hakuna anayenisikia ila wewe, ndiyo maana sikwami. Usiende Namanga. Ningojee mvua mbili."

Akanieleza kwa taabu. Siku ile waliambiwa wasogeze midomo tu, waseme lolote, maana mashine ilikuwa haisikii. Yeye akasema hayo. Msichana alicheka, akidhani ni mchezo ule ule, na haukupita mwezi akaolewa Namanga. Sasa alikuwa mjane, akiuza shanga pale mpakani. Mzee alikuwa amemtumia salamu aje Jumamosi. Mwenyewe alijua kwamba akisimama mbele yake hata jina lake halitamtoka.

"Ni-nisemee tu," aliniambia.

Sitaki kujificha nyuma ya utoto. Nilielewa kila neno. Nilichokosa kuelewa ni kwamba mzee wa koti la kijani angeweza kumaanisha jambo kama hilo.

Jumamosi ilifika. Ukumbi ulijaa, madirisha yakazibwa kwa mablanketi, na harufu ya siki na mabati yenye joto ikatukaba. Yule mjane wa Namanga, aliyeitwa Mama Naserian, alikaa mstari wa mbele na shuka jekundu mabegani. Mzee hakukaa. Alisimama karibu na mlango, amenyoa ndevu, koti limepigwa pasi.

Filamu ilianza na ng'ombe. Nikamsemea ng'ombe mmoja, "Haya maji ni baridi, nani amenileta hapa?" Watu wakacheka. Baba ya msichana akatokea amekunja uso, nikampa sauti ya hedimasta wetu, na darasa langu lote likapiga benchi ngumi. Jamani, kile kicheko! Mtoto akishakionja hashibi. Kila nilipofungua mdomo ukumbi ulinipa kingine.

Tukafika kwenye mgunga. Kijana mzuri ajabu akainama, midomo yake ikaanza kusogea, taratibu, bila kukwama hata mara moja. Ukumbi ulinyamaza. Daftari lilikuwa wazi mkononi mwangu. Nikaona wenzangu wamenigeukia, meno nje, wananingoja.

Nikasema, "Mpenzi, hebu nikune mgongo, kupe wamehamia kwangu!"

Ukumbi ulianguka kwa kicheko. Mama Naserian alijifunika mdomo kwa shuka, nami nikafurahi, nikidhani hata yeye nimemchekesha. Kabla harusi haijafika filamu ikakatika. Mwalimu alijaribu kuiunga ikakatika pengine, na pengine tena, ikawa vipande sakafuni. Haikuonyeshwa tena. Nilipotazama mlangoni mzee hakuwapo, na Mama Naserian aliondoka bila kungoja chai.

Kesho yake niliinamisha kichwa na mzee akanigusa kama kawaida.

"Wa-watu walifurahi," alisema.

Hakunigombeza, wala hakunitajia maneno yale hata siku moja. Alifariki nilipokuwa kidato cha pili, na sikuwa nimemwomba radhi. Nilikuwa naona haya, halafu nikawa naona nimechelewa, halafu nikawa nimechelewa kweli.

Leo mimi ni mkalimani wa mahakama huku Kajiado, Kimaasai nilikiokota kwenye ile ploti. Naapa kila mara kwamba nitasema maneno ya mtu kama alivyoyasema, bila kuongeza, bila kupunguza. Mawakili hunisifu kwamba sichezi na neno la mtu. Huwa nashukuru tu.

Mwaka juzi kazi ilinipeleka Namanga. Nilimtafuta Mama Naserian miongoni mwa wauza shanga, nikamkuta ni ajuza, macho hafifu, vidole bado vyepesi.

"Takwenya, kokoo," nilimsalimia, kama mtu anavyomsalimia bibi yake.

"Iko," aliitika.

Nilimwambia mimi ndiye yule msichana aliyeisemea ile sinema kanisani, na kwamba siku ile nilikuwa nimepewa maneno nikayaacha. Nikaanza kuyasema. Nilipofika "ndiyo maana sikwami," aliinua mkono, akayamaliza mwenyewe kwa Kimaasai. Nilisikiliza kwa sikio la kazi yangu. Hakuongeza, hakupunguza.

"Nilitoka huku kwenda kusikia kama bado anayakumbuka," alisema. "Ya kufundishwa na mzungu angekuwa amesahau. Alikuwa anayajua yote?"

"Yote, kokoo."

Akatunga shanga moja, na nyingine. "Basi hakuwa anaigiza."

Nililia pale mbele ya wateja wake, mtu mzima na kitambulisho cha mahakama shingoni. Nikamwomba anisamehe.

"Mbona hukusema?" aliuliza, bila hasira.

"Watu walikuwa wanacheka, kokoo."

Aliutafuta uzi kwa vidole.

"Eeh," alisema. "Hata mimi, siku ile chini ya mgunga, nilicheka."