Nadhiri ya Tadei na Ukoo wa Tumbaku

Kwa Tadei wa mtaa wa Lizaboni, Songea, sentensi fupi ilikuwa kama mboga isiyo na chumvi. Ukimuuliza habari za asubuhi, jibu lake lilianzia jana jioni, likapitia kwa mkwe wake wa Namtumbo, ndipo likakufikia mlangoni limechoka. Watu walimpenda hivyo hivyo, na yeye alijipenda zaidi.

Kwa miaka mingi alikuwa mchambuzi kwenye ghala la tumbaku. Alilinusa jani, akalipapasa, akalitupia daraja lake kama mwalimu mkuu anavyogawa vyeti. Kisha wakubwa wakatangaza kwamba uchumi umefunguliwa, na mlango wa kwanza kufunguka ukawa ule wa kumtolea Tadei nje. Alipewa barua ya shukrani na mkono wa kwaheri.

Siku hizo Songea nzima ilijifunza biashara kwa kutazamana. Jirani akining'iniza mitumba, na wewe unaning'iniza mitumba. Akifungua banda la kinyozi, unanunua mkasi. Tadei hakutaka kuiga. Alinunua karai, jiko la mkaa na kabati dogo la vioo, akaanza kukaanga chipsi, chakula ambacho wazee wengi wa mtaa walikuwa bado hawajaamua kama ni mlo au ni mchezo. Viazi vilitoka Njombe. Kachumbari ya nyanya na vitunguu aliikata mkewe, Kunegunda, ambaye pia alisaga pilipili iliyowatoa watu machozi na bado wakarudi kesho yake. Ng'ambo ya barabara alikaa Beda, aliyekaanga mihogo tangu enzi za foleni za sukari. Beda ndiye aliyekuwa mwenyekiti wa jumuiya yao ndogo ndogo ya Kikatoliki. Tangu chipsi zifike, mihogo yake ilianza kulala kwenye kapu, naye akaanza kuhubiri sana juu ya tamaa za dunia.

Kitu kimoja Tadei alitoka nacho ghalani: sigara. Alivuta mpaka akapata kikohozi cha kuamsha kuku wa mtaa wa pili. Daktari alimtazama kifuani, akatikisa kichwa, akamwambia achague, sigara au yeye.

Ndipo ikafika ile jioni ya Kwaresima. Jumuiya ilikuwa imesali nyumbani kwa Bibi Bernadina, na baada ya rozari wanaume watatu wakasimama kuweka nadhiri. Wa kwanza alisema anaacha pombe ya ulanzi. Wa pili alisema anaacha matusi, isipokuwa siku za mpira. Wakapigiwa makofi ya wastani. Tadei hakuwa mtu wa makofi ya wastani. Alivuta pumzi, akakohoa, akainua mkono.

"Mimi Tadei, sitaitia tena kinywani mwangu tumbaku! Yenyewe, na baba yake, na mama yake, na ukoo wake wote popote ulipo, hadi kitukuu wa mwisho!"

Vigelegele! Hata Beda alipiga makofi.

Pasaka ilipofika, wenzake wawili walirudi kwenye ulanzi na matusi. Tadei hakurudi kwenye sigara, maana kikohozi kilikuwa kimekwenda. Kimekwenda kabisa, bila kuaga. Tangu siku hiyo aliamini kwa moyo wote kwamba nadhiri ile ndiyo iliyokifungia mlango, na siku atakayoivunja, kikohozi kitarudi na mizigo yake.

Miezi ikapita. Binti yake, Monika, alikuwa kidato cha tatu, na alikuwa na ugonjwa wa kutoweza kujua jambo akalinyamazia. Mchana mmoja alimkuta baba yake nyuma ya kibanda cha chipsi, sahani ya chipsi mapajani, akampangia maua matatu juu ya ndoo iliyofunikwa.

"Baba, hebu hesabu petali za hili."

"Tano."

"Na hili?"

"Tano. Unanifundisha hesabu?"

"Na la tatu?"

"Tano, na zimeungana chini kama kikombe. Sasa?"

Monika alikuwa akirukaruka. "La kwanza la kiazi, la pili la nyanya, la tatu la tumbaku! Mwalimu anasema mimea haipangwi kwa ladha wala kwa ukubwa wa jani, maana jani hubadilika kwa udongo na jua. Ua ndilo sura ya ukoo, halifichi ndugu. Hawa wote ni ukoo mmoja, baba. Solanasea!"

Tadei aliacha kutafuna. "Hicho ni Kilatini."

"Ndiyo. Kila mmea una majina mawili. La kwanza la mlango wake, la pili lake mwenyewe. Tumbaku ni *Nicotiana tabacum*. Kiazi ni *Solanum tuberosum*. Milango tofauti, ukoo mmoja."

Tadei alikuwa ametumikia misa utotoni, enzi padre anawapa waumini mgongo. Kwake yeye, Kilatini hakikuwa lugha ya kutania.

"Nani aliwabatiza?"

"Utaratibu huo aliuanzisha Mswidi mmoja, zamani sana."

"Padre?"

"Mtoto wa mchungaji."

"Mlutheri," Tadei alinong'ona, akitafuta pa kutorokea. Lakini Kilatini ni Kilatini. "Sasa wamekuwaje ndugu, huyu anavutwa na huyu anakaangwa?"

"Kama sisi Wangoni, baba! Si tulitoka Kusini? Wengine wakabaki njiani, wengine wakafika huku, leo hata lugha hatusikilizani. Basi na mimea hivyo hivyo, ila safari yao ni ya miaka mamilioni. Babu yao alikuwa mmoja, huko Amerika. Watoto hawalingani kamwe: mmoja ana sumu zaidi kidogo kwenye jani, mdudu anamwacha, anazaa wengi. Mwingine anaficha chakula chini ya udongo, ukame unampita, naye anazaa wengi. Kizazi baada ya kizazi, mmoja anakuwa tumbaku, mwingine kiazi. Na wako wengi! Bilinganya, ngogwe, pilipili, hoho, mnavu..."

Tadei aliitazama sahani yake. Chipsi: ndugu. Nyanya: ndugu. Pilipili: ndugu. Ukiwatoa wanaukoo wote, kilichobaki ni kitunguu na uma.

"Mama Monika!" aliita kwa sauti ya mtu aliyekanyaga kaa la moto. "Njoo usikie tunachokula!"

Kunegunda alisikiliza, akamtazama binti yake kwa jicho kali. "Huko shuleni hawafundishi kufunga mdomo?" Kisha akamgeukia mumewe. "Na wewe, jambo hili likae hapa hapa."

Kumwambia Tadei jambo likae hapa hapa ni kumkabidhi mbuzi bustani. Mteja wa kwanza, fundi baiskeli, aliisikia habari yote pamoja na majina ya Kilatini. Alimaliza chipsi zake zote, akaramba vidole, akavuka barabara kwenda kumwambia Beda.

Beda alifika hata mafuta hayajapoa.

"Tumsifu Yesu Kristu."

"Milele amina, Mwenyekiti."

"Nimesikia, ndugu yangu. Nimeumia sana." Uso wake uling'aa kwa huzuni. "Nadhiri si karanga, useme utatema maganda. Kifunge kibanda mpaka jumuiya ikae."

"Mwenyekiti, kibanda hiki ndicho kinachomvisha mtoto sare."

"Na kikohozi je?"

Hapo Tadei akajishika kifua. Aliufunga mlango wa kabati la vioo mwenyewe.

Jumuiya ilikaa Jumapili baada ya misa, tena kwa Bibi Bernadina. Walikuja hata watu wa mtaa wa Mjimwema wasiohusika. Kesi ya viazi haitokei kila mwaka. Gunia la Tadei lilikuwa limeanza kuchipua, na yeye alikaa kando yake kama mfiwa. Jambo lilikuwa wazi kwa kila mtu: wakisema kiazi ni ndugu wa tumbaku, kibanda kimekufa, wakisema si ndugu, Tadei amepona.

Monika alisimama kumwokoa baba yake. Aliwasalimia wazee shikamoo, akaeleza maua, milango na ukoo. Kisha akatoa silaha aliyoiandaa.

"Wazee wangu, undugu huo ni wa mbali mno. Ukichukua chavua ya tumbaku ukaipaka kwenye ua la kiazi, hupati mbegu hata moja. Hawazai pamoja. Kwa hiyo ni viumbe mbalimbali kabisa."

Beda aliinama mbele. "Yaani tumbaku na kiazi hawaoani?"

"Hawaoani kabisa!" alisema Monika kwa ushindi.

Watu walitazamana. Mzee mmoja akaguna.

"Basi yamekwisha," alisema Beda taratibu. "Mimi siwezi kumwoa dada yangu. Kwa nini? Ni damu yangu. Wasiooana ndio ndugu wenyewe! Mtoto ametusaidia sana."

"Sivyo, Mwenyekiti! Kwa mimea ni kinyume..."

"Kinyume kwa nani? Ukoo ni ukoo." Beda akageukia gunia, akachomoa kiazi kilichopigwa na jua kikageuka kijani. "Hiki je, binti, kinaliwa?"

Monika hakujua kudanganya. "Kikiwa kijani hivyo kina sumu, mzee. Ni kawaida ya ukoo huo."

"Mmesikia! Damu haijifichi!"

Watu wakapiga makofi. Tadei, kwa mara ya kwanza tangu azaliwe, hakuwa na sentensi. Kunegunda akainuka, akashika kiuno.

"Mwenyekiti, mihogo yako unaiuza na kachumbari ya nini?"

"Ya nyanya. Mimi sikuapa, mama."

Ilikuwa kweli, na ndiyo iliyomuudhi Kunegunda zaidi.

Hapo Bibi Bernadina, aliyekuwa akisinzia, akafungua jicho moja. Bibi huyu alikuwa amebakiwa na meno machache. Muhogo wa Beda ulimtesa. Chipsi za Tadei, zikilainishwa na nyanya, ndizo zilizokuwa faraja yake ya kila jioni, na jioni zote hizo kibanda kilipofungwa alikuwa amekunywa uji kwa hasira.

"Alisema hatatia wapi?" aliuliza.

"Kinywani, bibi," watu wakajibu.

"Kinywani mwa nani?"

"Mwake."

"Basi kinywa changu mmekifungia nini?" Bibi akalifungua na jicho la pili. "Ana mikono, akaange. Sisi tuna vinywa, tule. Yeye asile. Nadhiri imekaa, na viazi vimekaa. Tuimbe, jua linazama."

Beda alitaka kusema neno kuhusu roho ya nadhiri, lakini wimbo ulikuwa umeshaanzishwa, na anayeongea juu ya wimbo wa Mama Maria huko kwetu haonekani mtu mzima.

Ndivyo Tadei alivyofungua kibanda tena, mtu pekee Songea aliyeuza chakula alichokiapia. Watu walikuja kumwona. Walinunua sahani, wakasimama mbele yake, wakatafuna polepole wakimtazama machoni. "Tadei, karibu nyanya!" "Tadei, ndugu zako wamekolea chumvi leo?" Hakujua kama wamekolea, Kunegunda ndiye aliyeonja. Karai halikupoa. Kwa upande wa mauzo, hapakuwa na nadhiri iliyowahi kulipa namna ile.

Taabu ilikuwa tumbo lake. Mayai yalimchosha, kabichi ikamchosha, ugali wa dagaa zisizo na nyanya ukamkaba koo. Hatimaye jioni moja alijifuta mikono, akavuka barabara, akakaa kwenye benchi la Beda. Mtaa mzima ulisimama.

"Nipe muhogo," alisema. "Bila kachumbari. Bila pilipili."

Beda alimtazama, akatazama kapu lililojaa. Mwenyekiti ni mwenyekiti, lakini mteja ni mteja. Akamchagulia kipande kizuri, kilichopasuka katikati, akanyunyiza chumvi. Kesho yake Tadei alirudi, na kesho kutwa pia, mpaka Beda akawa anamwekea kipande chake pembeni kabla hajavuka.

"Mwenyekiti," Tadei alisema siku moja, mdomo umejaa, "muhogo ni mtu wa heshima. Hana kelele, hana ukoo wa ajabu ajabu, hana..."

Monika alikuwa amesimama pale na kitabu chake cha bayolojia, alikuwa ameletwa na ujumbe wa mama yake. Macho yakamng'aa. Akafungua mdomo.

Wanaume wawili wakainua mikono kwa pamoja.

"Mwanangu," alisema Tadei, "acha kwanza nimeze."