Mlango wetu umechukuliwa leo

Nimetoka shule leo nikakuta mwenye ploti na fundi wake wanang'oa mlango wetu.

Asubuhi hii hii, mahakama ya Kajiado ilimwambia asitufukuze hadi kesi ya kodi isikizwe. Majirani wanasema Mama alirudi Kitengela akiimba. (Mama yangu, ambaye haimbi hata kanisani!)

Sasa alikuwa amesimama pale na amri ya korti mkononi. Mwenye ploti akaisoma yote, polepole.

"Mama Naserian, nani amekufukuza? Kaa tu. Mimi nachukua mlango wangu."

"Na watoto walale wazi?"

"Hiyo uliza hakimu."

Fundi akacheka. Wakaupakia kwenye pikapu, wakaenda.

Upepo wa huku mnaujua, na vumbi lake.

Jioni jirani yetu, Mama Abdi, akaleta pazia la sebuleni kwake. Tukalipigilia misumari pale juu. Kisha akatoka nje, akasimama mbele ya pazia lake mwenyewe.

"Hodi?"

Mama akajibu kwa sauti ya mtu aliye kwake:

"Karibu."

Kesho tunarudi kortini. Usiku huu tuombeeni upepo utulie.