Uzi Uliopita Katikati ya Tone

Siku yangu ya kwanza katika kiwanda cha uchapaji pale Nyeri nilipewa mfupa. Ulikuwa mfupa wa ng'ombe uliosuguliwa mpaka ukang'aa, na kazi yake ni kulainisha mkunjo wa karatasi. Nilikuwa nimetoka kumaliza kidato cha nne, nimevaa shati jeupe, nikidhani nitakaa ofisini. Mama Nyawira, msimamizi wa chumba cha kujalidi vitabu, alinitazama toka kichwani hadi viatuni.

"Hiyo shati utaiaga leo," akasema. "Kunja."

Nilikunja mpaka kidole gumba kikavimba. Karatasi kubwa iliyochapwa pande zote mbili tuliiita fomu. Ukiikunja mara tatu unapata kurasa kumi na sita. Fomu hutobolewa mgongoni, zikashonwa pamoja kwa uzi uliopakwa nta, kisha jalada likafuata. Kazi za haraka tulizibandika kwa gundi tu. Vijana wa leo mnaijua gundi peke yake, ndiyo maana vitabu vyenu vinapukutika kabla ya mtihani.

Tulichoshona zaidi ni vitabu vya nyimbo za kanisa, maana hivyo hushikwa kila Jumapili na mikono iliyozoea jembe. Mahali pa kutoboa palionyeshwa na kipande cha kadibodi ngumu chenye alama, tulichokiita kipimo. Unakiweka kwenye mkunjo, unatoboa kwa sindano nene, unakwenda kwa fomu inayofuata. Baada ya muda mkono unafanya wenyewe.

Nilikuwa bado kwenye majaribio ya kazi Profesa Wangechi alipotuletea kitabu chake, *Asili ya Malimwengu Sambamba*. Alikuwa mzaliwa wa Endarasha aliyefundisha chuo kikuu. Leo kitabu hicho kinabishaniwa vyuoni hata ng'ambo, lakini wakati ule wachapaji wa mjini walikuwa wamemkatalia.

Mimi nilikielewa kwa sababu ya mchoro mmoja. Tone la mvua linaanguka juu ya ukingo wa jiwe, Mlima Kenya. Likiteremka upande huu, linafika mto Tana baada ya kunywesha mpunga wa Mwea. Likiteremka upande ule, linaingia mto Ewaso Nyiro na kunywesha ngamia. Sisi husema limekwenda upande mmoja. Profesa aliandika kwamba linakwenda kote kuwili, na kila upande una dunia yake, yenye watu wanaoamini tone lilikuja kwao tu. Mchoro ulijaza kurasa mbili zinazotazamana, na tone lenyewe lilikaa kwenye mkunjo.

Meneja wa kiwanda aliamuru gundi. Profesa alipokuja kuona nakala ya kwanza, aliifungua kwenye mchoro akakunja uso.

"Tone liko wapi?"

"Liko ndani, Profesa," Meneja akajibu. "Ukivuta kidogo hivi..."

Profesa akavuta. Mgongo wa kitabu ukalia kama ukuni unaovunjika.

"Bila hili tone niko na maneno matupu," akasema kwa upole. "Kama hamwezi kulitoa humo ndani, nitachukua karatasi zangu."

Alipoondoka, Meneja alitugeukia. "Hii kazi ikirudishwa, wa majaribio ndio wataenda nyumbani kwanza." Wa majaribio nilikuwa mimi peke yangu.

"Tushone," Mama Nyawira akasema.

"Na mashine ya kushona imekufa?"

"Kwani zile nyimbo hushonwa na nani, malaika?"

Basi tukaketi kushona kwa mkono. Kutoboa aliachiwa Kariuki, jamaa wa Kutus aliyekaa meza moja nami, fundi mwenye mkono mwepesi na mdomo mwepesi zaidi. Kitabu kilikuwa na kimo kile kile cha vitabu vya nyimbo, kwa hiyo Kariuki alichukua kipimo cha siku zote. Fomu zote zilikuwa zimetobolewa, nami nimeshashona nakala ya kwanza, tulipoona kwamba tundu la kati limeangukia tone.

"Ai! Ati mmetoboa tone la Profesa!" Meneja alishika kichwa.

"Lakini Meneja, ni katundu kadogo tu..."

"Nyamaza, Kariuki!"

Nilijiona nikirudi kwa mama yangu kule Kiganjo na shati lisilo jeupe tena.

Profesa alifika wakati wa chai. Mama Nyawira hakuficha kitu. Aliifungua nakala ile mbele yake, ikalala wazi juu ya meza bila kushikwa. Profesa aliinama, akapitisha kidole juu ya uzi.

"Nani ametoboa hapa?"

Kariuki aliinua mkono kama mwanafunzi.

"Kwa nini hapa?"

"Ndipo tunatobolea nyimbo, Profesa."

Profesa alicheka mpaka akavua miwani. Kisha akafunua karatasi, akatazama nyuma, mahali uzi ulipotokea. "Unaingia kwenye tone, unatokea upande wa pili," akasema, kama anayejiambia mwenyewe. "Nimehangaika sura nzima kueleza hili. Msizibe. Vyote vishonwe hivi."

Meneja alikohoa. "Ndivyo tulivyokuwa tumepanga," akasema. Mwezi huo huo nikaajiriwa.

Miguu yangu haijui kutulia. Nilihamia Karatina, kisha Kutus, kisha Wang'uru tulikojalidi vitabu vya risiti vya wauza mchele, na mwishowe Nanyuki, kwa mfanyabiashara Mwislamu aliyenipa misahafu ya madrasa niitengeneze. Kila mahali nilisema nimetoka kwa walioshona kitabu cha Profesa, na kila mahali nilipewa meza. Watu hucheka nikisema nimestaafu na sijafika hamsini, lakini macho hayaoni tena tundu la sindano, na mashine za gundi zimechukua kazi.

Bado natembea. Majuzi, katika duka la vitabu Nanyuki, nilikuta toleo jipya la kitabu kile, limebandikwa. Tone wamelisogeza pembeni ili lionekane. Katikati yake mtu amechora kitundu kidogo, na uzi unatoka ndani.

Dada wa dukani aliniona nimeganda pale. "Baba, hiyo tundu ilitusumbua sana chuoni. Mwalimu alisema ina maana kumi."

"Hapo ndipo tulikuwa tunatobolea nyimbo za kanisa," nikamwambia.

Alicheka, akidhani natania. Nami nikacheka naye, nikatoka kifua mbele.