Mapapi Niliyoyafukia Chini ya Maranda

Sogea, mwanangu, unisikilize. Leo sikusimulii habari za mtu mwingine. Ni habari zangu, na kuna mahali nitasita kidogo, maana yapo mambo ambayo hata mvi hazijayapoza. Ipo asubuhi moja ya kipupwe hapa Songea ambayo sijaisahau. Nilikuwa nimeketi mbele ya msumeno uliozimwa, mikono mapajani, nikaona aibu. Ilikuwa aibu ya bure, lakini ndiyo iliyonivuta hadi kwenye aibu ya kweli.

Nilikuwa binti wa miaka ishirini na ushee, fundi wa msumeno wa meza katika karakana moja ya Mjimwema, kando ya barabara. Tulitengeneza mizinga ya nyuki ya sanduku. Ndani ya mzinga wa namna hiyo hukaa fremu, na kila fremu inaning'inia kwenye papi la juu, ule ubao mwembamba ambao ncha zake mbili huegemea ukingo wa sanduku. Papi likiwa fupi, fremu inadondoka chini. Nyuki watajenga masega ovyo ovyo, na mfugaji hatapata asali mpaka abomoe nyumba yao nzima. Shika hilo, maana kisa chote kimelala juu ya urefu wa papi.

Kazi ilipita meza tatu. Mimi nilikata mapapi. Hilda, dada mpole aliyenizidi miaka mitano, alichonga ncha zake na kuyaunga yawe fremu. Oswin, mtu wa mizaha, aliunda masanduku na kupanga fremu ndani. Juu yetu alikuwapo fundi mkuu, Mzee Gervas, ambaye ujanani alifanya kazi kiwandani Dar es Salaam na kufundishwa na mhandisi wa Kijapani utaratibu wanaouita kanban. Sisi tulisema kadi, basi.

Nikueleze polepole, maana mimi mwenyewe nilichelewa kuuelewa. Kila kasha la mapapi lilifungwa kadi moja ya mbao. Hilda akianza kutumia kasha, aliichomoa kadi na kuja kuitundika kwenye msumari ukutani kwangu. Kadi ile ilikuwa ikiniambia: mwenzako amepunguza kasha moja, mkatie jingine. Nakata, nafunga kadi, napeleka. Kati yangu na Hilda zilikuwapo kadi tatu tu, kwa hiyo hayakuweza kuwapo makasha zaidi ya matatu. Msumari ukiwa mtupu, sikati. Nitanoa msumeno, nitafagia, nitamsaidia Oswin, au nitakaa. Anayehitaji ndiye anayeita. Anayetengeneza hamsukumii mtu.

Kukaa ndiko kulikonishinda. Mimi ni mtoto wa mkulima. Kwetu mtu hupimwa kwa kihenge chake. Mgeni akikuta mahindi yamefika ukingoni, anamsalimu baba yako kwa heshima. Akikuta nusu, anamwonea huruma. Tulilelewa kwamba akiba haiozi, na kwamba mikono iliyotulia mchana ni mikono ya mvivu. Sasa nimekaa kando ya barabara, watu wote wa Mjimwema wanapita.

Asubuhi ile alipita shangazi yangu akitoka sokoni. Akasimama, akaweka kikapu chini.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Unaumwa?"

"Siumwi. Nasubiri kadi."

"Kadi ya kliniki?"

"Ya kazi, shangazi. Bila kadi hatukati."

Akanitazama, akautazama msumeno, akatazama chanja cha mbao kilichojaa nyuma yangu. "Mbao zipo, mashine ipo, na wewe upo. Nikifika nyumbani nitamwambia baba yako umepata kazi ya kulinda kiti."

Akajitwika kikapu chake akaenda. Mwanangu, maneno yale yalinikaa kooni kama mwiba wa samaki. Mzee Gervas alikuwa amekwenda kuagiza mbao. Niliwasha msumeno, nikakata kasha la nne.

Nilikata siku ile, na siku iliyofuata, na kila mara Mzee alipotoka. Wenzangu walisikia mashine ikinguruma, lakini nani angekuja kuchungulia msumari wangu? Waliamini nina kadi. Mapapi ya ziada niliyapeleka kwenye banda la nyuma, nikayafukia chini ya maranda, yale mabaki ya randa, nikaweka magunia juu. Ndipo ikaja raha yake, na raha hiyo ndiyo mbaya. Hilda akitundika kadi, mimi nachota bandani na kumpelekea kasha kabla hajarudi mezani pake.

"Wewe dada una majini kwenye huo msumeno," Oswin alisema. "Niazime moja linifagilie."

Hata Mzee Gervas alitikisa kichwa kwa kuridhika. Nilijiona mwerevu kuliko kadi. Nilikuwa na kihenge changu, na kilikuwa kimejaa.

Mizinga tuliyokuwa tukitengeneza ilikuwa ya akina mama wafugaji wa Namasakata, kule Tunduru. Kiongozi wao, Bi Zainabu, alikuwa amekuja mwenyewe kuagiza. Hakutaka maneno mengi. Alisema mizinga iwe imetundikwa porini kabla miombo haijachanua, kwa kuwa wakati huo makundi ya nyuki huhama kutafuta makao, na mzinga ukichelewa, kundi limekwisha kupata pango la mti. Anayechelewa hapo amechelewa mwaka mzima. Wakaahidiwa. Mbao kavu zilizokuwa kwenye chanja zilikuwa zimetengwa kwa ajili yao.

Sasa sikiliza kosa lilivyoingia. Kwenye meza ya msumeno kulikuwa na kipande cha chuma tulichokiita kikomo. Ubao ukigonga pale, unakata. Kila papi linatoka na urefu mmoja. Siku moja, sijui saa ngapi, boliti ya kikomo ililegea, kikasogea upana wa kidole. Mapapi yakaanza kutoka mafupi. Kama ningekuwa nafuata kadi, Hilda angeyapokea saa ile ile, fremu zingedondoka kwa Oswin siku hiyo hiyo, tungepoteza kasha moja. Lakini mimi nilimlisha mazuri ya zamani kutoka bandani, na mafupi nikayafukia mahali pake. Nilikata mafupi kwa majuma kadhaa, kwa furaha, nikiimba.

Siku yalipomfikia Hilda, hakuona. Alichonga kasha zima, akaunga fremu, akazipitisha. Oswin alizipanga kwenye sanduku, moja ikadondoka chini, ya pili ikadondoka.

"Dada Hilda, fremu zako zinazama," alisema. "Umetutengenezea mizinga au mitumbwi?"

Akaenda kumwita Mzee Gervas ofisini. Katika dakika zile chache nilitazama kikomo changu, nikaona boliti imelegea. Nilijua yote mara moja. Na unajua nilifanya nini, mwanangu? Nilichukua spana, nikarudisha kikomo mahali pake, nikakaza.

Mzee alikuja na futi yake. Alinitaka nikate papi moja, akalipima. Lilikuwa sawasawa. Akageuka kwa Hilda. Kwa kuwa Hilda ndiye aliyechonga ncha, hakukuwa na mtu mwingine wa kutazamwa.

"Hilda, mwanangu, umechonga kupita kiasi."

"Sijachonga kupita, mzee. Nimechonga kama siku zote."

"Futi haina uadui na mtu."

Hilda alinitazama. Hakunishtaki, maana hakujua kitu. Alikuwa akitafuta mtu wa kumwambia kwamba hakosi hivyo. Mimi nikainama kuokota kipande cha ubao ambacho hakikuwa na haja ya kuokotwa. Hilda akaondolewa mezani, akapewa ufagio, na pale pake akawekwa Oswin kwa muda. Alifagia akipita karibu na miguu yangu, nami nikaiinua miguu ili afagie vizuri. Nimekwenda kuungama mara nyingi tangu hapo, na kila mara ni ile miguu niliyoiinua inayorudi.

Njia ya mwongo ni fupi, na yangu iliishia kwenye chanja. Siku ya pili Mzee Gervas alitaka tukate mapapi mengine badala ya yale mafupi, akakuta mbao kavu zimebaki chache mno. Zilizoletwa kutoka msituni zilikuwa mbichi. Ukizikata leo, kesho zimepinda. Kisha akazihesabu alama ambazo Hilda alichora ukutani kila alipotundika kadi, alama moja kwa kila kasha. Akatuita sote.

"Kadi zinasema tumekata mbao chache," alisema. "Chanja kinasema tumekata nyingi. Mmoja wao anadanganya, na chanja hakina ulimi." Akautazama ufagio wa Hilda. "Hilda hakati mbao."

Hakunitazama. Afadhali angenitazama. Nilitangulia kwenda bandani, wao wakanifuata. Nikaondoa magunia, nikafukua maranda kwa mikono. Mapapi yakatokea, marundo kwa marundo, mafupi kwa upana wa kidole. Oswin, ambaye hakosi mzaha hata msibani, alichutama akaanza kuyahesabu. Ubao mrefu unaweza kuupunguza. Mfupi huna dawa yake.

Mzee Gervas aliokota moja, akalifuta vumbi.

"Kwenu kuna kihenge cha mahindi?" akaniuliza.

"Kipo, mzee."

"Kimejaa?"

"Kimejaa."

"Na kihenge cha ugali, mnacho?"

"Hatuna, mzee."

"Mama yako anasonga ugali watu wakiwa wamekwisha kunawa. Hasongi wa juma zima akaufukia. Mahindi ni mbao, binti. Papi ni ugali. Ukishalikata halirudi kuwa ubao." Akalirudisha chini taratibu. "Na unga ukiwa na mchanga, mama yako anaujua kwa tonge la kwanza. Wewe ulitaka tuujue tumekwisha kushiba."

Nikamgeukia Hilda, nikamwambia kikomo kilikuwa kimesogea, na kwamba nilikirudisha siku ile ile kabla Mzee hajafika. Alisema, "Kumbe ulijua nikiwa nafagia." Hakupandisha sauti. Alikwenda kuuegemeza ufagio ukutani, akarudi mezani pake.

Lakini Mzee hakuwa amemaliza. "Mimi na Hilda si wenye kadi ya kwanza," alisema. "Kadi ya kwanza ameitundika yule mama wa Namasakata. Akija, utamweleza wewe."

Bi Zainabu alikuja na lori la kukodi na wenzake wawili, khanga zimejaa vumbi la barabara. Alikuta nusu ya mizinga. Nikatoka, nikamwamkia, nikamweleza yote, tangu shangazi hadi spana. Alinisikiliza mpaka mwisho, akiwa ameegemea tela.

"Kwa hiyo mizinga yangu umeilaza kwenye maranda," alisema.

"Ndiyo, mama. Naomba unisamehe."

"Mimi nimekusamehe, Mungu ni shahidi. Ila nyuki, binti yangu, hawasomi msamaha. Wakifika wakakosa nyumba, wanapita." Akawageukia wenzake. "Jamani, tupandishe hii iliyopo. Itabidi wengine wangoje mwaka ujao, na nitakayemwambia angoje simjui bado."

Nilibeba mizinga pamoja nao. Wale wenzake wawili walikuwa wakinong'ona kwa Kiyao, na sikuhitaji kukijua ili nielewe kwamba wanajadili nani akose. Lori likaondoka kuelekea Tunduru, nusu tupu. Mwaka ule kuna akina mama waliokosa asali kwa sababu mimi niliona haya kukaa kwenye kiti.

Mwanangu, usidhani nakuambia ghala ni ubaya. Mzee Gervas mwenyewe aliweka misumari ya kutosha majuma mengi, kwa kuwa ilitoka mbali na barabara haina ahadi. Weka akiba ya kile kinachochelewa kuja na kisichoharibika. Lakini kazi iliyokwisha kukatwa, kushonwa au kukandwa, iache iitwe na anayeihitaji. Rundo linapendeza macho, na hapo hapo linaficha kosa. Kadi chache zinakuumbua mapema, kosa likiwa bado dogo, na kuumbuliwa mapema ni rehema. Ukikaa kwa kuwa hukuitwa, huo si uvivu. Umemwachia mwenzako nafasi ya kusema anachotaka. Na kosa lako likitokea mezani kwa mwingine, liseme kabla futi haijafika kwake. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Mimi niliumbuliwa na mbao.

Leo vijana wetu wanashona sare, wanaoka mikate, wanachomelea mageti, na naona wengine wana kadi kwenye simu. Ni zile zile. Mungu akubarikie mikono yako, akupe macho ya kuona kosa lako kabla ya kosa la jirani, na akujalie wenzako walio wapole kama Hilda, ingawa usiwatumie nilivyomtumia mimi.

Basi kesho asubuhi, kabla hujawasha mashine, nenda kwa mwenzako anayepokea kazi yako. Muulize anahitaji nini na vingapi. Tengeneza hivyo, kisha zima mashine.